Fumio Hayasaka: Mtunzi aliyejua pa kuunyamazisha muziki

FUMIO Hayasaka alifariki jijini Tokyo mnamo Oktoba 15, 1955, akiwa na umri wa miaka 41. Aliyemwondoa ni kifua kikuu, maradhi yaliyowafyeka Wajapani wengi wa kizazi chake. Aliacha kazi ambayo haikuwa imekamilika: muziki wa filamu iliyokuwa ikitengenezwa na rafiki yake wa dhati, mwelekezi Akira Kurosawa, kuhusu mzee aliyeingiwa na hofu ya bomu la nyuklia. Wazo lenyewe la filamu hiyo lilikuwa limechipuka katika mazungumzo yake na Hayasaka.

Jina la Kurosawa halihitaji kutambulishwa kwa wapenzi wa sinema. La Hayasaka hupita kwenye pazia kwa sekunde chache tu, na wengi hawaligundui. Hata hivyo, filamu nyingi zilizoufanya ulimwengu uanze kuitazama Japani kwa jicho jipya baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia zilipitia mikononi mwake. Rashomon ilikuwa yake. Ikiru ilikuwa yake. Shichinin no Samurai, yaani mashujaa saba wa upanga ambao Wamarekani waliwageuza kuwa wachunga ng'ombe wa The Magnificent Seven mnamo 1960, ilikuwa yake pia. Na si Kurosawa pekee aliyemhitaji. Kenji Mizoguchi, gwiji mwingine wa enzi hiyo, naye alimwita mara kwa mara.

Hayasaka alizaliwa Agosti 19, 1914, mjini Sendai, kaskazini mwa kisiwa kikuu cha Japani. Alipokuwa na umri wa miaka minne, familia yake ilihamia Sapporo katika kisiwa cha Hokkaido, ambako majira ya baridi ni marefu na theluji hufunika mapaa ya nyumba. Utotoni hakupata raha. Baba yake aliihama familia, mama yake akaaga dunia, na kijana huyo akalazimika kufanya kazi ili kuwatunza nduguze wadogo. Hakupata nafasi ya kuingia chuo cha muziki. Alichokijua alijifundisha mwenyewe, kwa piano, kwa santuri na kwa vitabu.

Bahati yake ilikuwa jirani. Katika mji huo huo wa Sapporo aliishi kijana mwingine wa umri wake, Akira Ifukube, ambaye alikuwa akisomea taaluma ya misitu na ambaye naye alikuwa amejifundisha muziki. Vijana hao wawili wakawa chanda na pete. Mnamo 1933 walianzisha chama cha muziki mpya, na mwaka uliofuata wakaandaa tamasha ambapo walipiga kazi za watunzi wa Ulaya wa wakati wao, akiwemo Mfaransa Erik Satie na Mrusi Igor Stravinsky. Mtu akitafakari kwamba haya yalifanyika katika mji wa mbali wa kaskazini, ambao wakubwa wa muziki wa Tokyo waliuona kuwa porini, ataelewa ujasiri wao ulikuwa wa kiasi gani.

Satie hasa ndiye aliyemvutia Hayasaka. Muziki wa Mfaransa huyo ni mwembamba, una nafasi nyingi tupu ndani yake, na haumshurutishi msikilizaji kulia wala kucheka. Mja mwenye sikio anaweza kuisikia mbegu ya mambo yaliyokuja baadaye.

Lilikuwapo pia swali lililowasumbua watunzi wote wa Japani wa miaka hiyo. Tangu nusu ya pili ya karne ya 19, serikali ilikuwa imeamua kwamba watoto wa shule wafundishwe muziki wa Kizungu. Matokeo yake ni kwamba mtunzi aliyetaka kuandika kwa okestra alilazimika kuchagua: aige Wajerumani, au arudi nyuma atafute sauti za kwao. Hayasaka alichagua njia ya pili, lakini hakutaka kubandika nyimbo za kienyeji juu ya okestra kama anayebandika stempu kwenye bahasha. Alitega sikio kwa gagaku, muziki wa kale wa ikulu ya mfalme, wenye zumari zinazonung'unika na mwendo wa taratibu mno, kisha akajaribu kuifanya okestra ya Kizungu ipumue vivyo hivyo. Mnamo 1938, kazi yake iliyotokana na ngoma za kale ilishinda tuzo iliyopewa jina la Felix Weingartner, mwongozaji mashuhuri wa okestra kutoka Austria.

Tuzo hazijazi sufuria. Mnamo 1939 Hayasaka alihamia Tokyo na kuingia katika kampuni ya filamu ya Toho. Mwaka huo huo serikali ilipitisha sheria iliyoiweka sinema yote chini ya udhibiti wake, na kwa miaka ya vita iliyofuata yeye, sawa na wenzake wote, alifanya kazi ndani ya mipaka hiyo. Kipindi hicho hakina mengi ya kumwongezea sifa. Alichopata ni ufundi: alijifunza kuandika haraka, kupima muziki kwa sekunde, na kuandikia okestra ndogo isiyo na fedha.

Vita vilipomalizika mwaka wa 1945, Tokyo ilikuwa majivu. Watu waliuza na kununua katika masoko haramu yaliyoota kila kona. Ni katika mazingira hayo ambapo, mnamo 1948, Kurosawa alimwita Hayasaka waifanye pamoja Yoidore Tenshi, filamu kuhusu daktari mlevi na jambazi kijana mwenye kifua kikuu anayekataa kutibiwa. Jambazi huyo, Matsunaga, aliigizwa na Toshiro Mifune, wakati huo akiwa hajulikani sana. Kwamba mtunzi wa muziki wa filamu hiyo angeuawa na maradhi yale yale miaka saba baadaye ni jambo ambalo mtazamaji wa leo hawezi kulisahau.

Walipokuwa wakiiandaa, Kurosawa alifiwa na baba yake. Akiwa na majonzi, alitembea mjini bila kujua aendako, na kutoka katika kipaza sauti fulani akasikia wimbo mchangamfu wa kigeni, ule unaoiga mlio wa ndege aina ya kekeo, ukipigwa kwa nguvu. Furaha ya wimbo huo ilimchoma kuliko ambavyo wimbo wowote wa maombolezo ungeweza. Alimwendea Hayasaka akamweleza kwamba anautaka wimbo huo katika filamu, pale ambapo Matsunaga, akiwa amepokonywa eneo lake na kudharauliwa na wale waliokuwa wakimwinamia, anapita sokoni akiwa peke yake na mapafu yake yameoza.

Mtunzi mwingine angalimwona kama mtu aliyechanganyikiwa. Desturi ya sinema, si Japani pekee bali pia Hollywood, ilikuwa kwamba picha ya huzuni hupewa muziki wa huzuni, na picha ya mapenzi hupewa vinanda vinavyolia. Hayasaka alielewa papo hapo, kwa sababu huko ndiko mawazo yake yalikokuwa yameelekea siku nyingi. Muziki unaorudia kile ambacho jicho limekwisha kuona haumwongezei mtazamaji kitu. Muziki unaokwenda kinyume na picha humlazimisha mtazamaji kuijaza nafasi iliyo kati ya viwili hivyo kwa moyo wake mwenyewe. Kurosawa alikiri baadaye kwamba kukutana na Hayasaka kulibadilisha kabisa fikra zake kuhusu muziki wa filamu.

Mwaka uliofuata, 1949, walifanya tena hivyo katika Nora Inu, kisa cha mpelelezi kijana aliyeibiwa bastola yake. Mwishoni mpelelezi na mwizi wanakabiliana shambani asubuhi. Kutoka katika nyumba iliyo karibu inasikika piano: mwanamke anafanya mazoezi ya kipande chepesi ambacho wanafunzi hufundishwa. Risasi inalia, piano inakoma, mwanamke anachungulia dirishani, haoni la maana, anarudi kupiga. Watu wawili wanataka kuuana na dunia haina habari. Hakuna ngoma, hakuna tarumbeta. Mimi nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi na bado sijui kama ni ya mwelekezi au ni ya mtunzi. Pengine swali hilo ni la kipuuzi.

Kisha ikaja Rashomon mnamo 1950. Samurai ameuawa msituni, na kila anayetoa ushahidi anasimulia kisa tofauti. Kwa ushahidi wa mke wa marehemu, Kurosawa alikuwa akisikia kichwani mdundo wa bolero, ule wa Kihispania unaojirudia na kupanda polepole kama maji ya mafuriko. Alimwomba Hayasaka aandike muziki wa namna hiyo, naye akaandika. Filamu hiyo iliposhinda tuzo kuu ya Simba wa Dhahabu katika tamasha la Venice mnamo Septemba 1951, baadhi ya wahakiki wa nchi za Magharibi walilalamika kwamba muziki wake umefanana mno na Bolero ya Mfaransa Maurice Ravel. Lawama hiyo haikukosa msingi. Yeyote anayeisikia atatambua mfanano huo mara moja, na sioni haja ya kumtetea Hayasaka kwa kujifanya viziwi. Lakini walalamikaji walikosa kuuliza kwa nini mdundo ule umewekwa pale. Mwanamke anasema, anarudia, anazunguka, na kila mzunguko unazidi kumtia wazimu. Bolero nayo hufanya hayo hayo. Walichokosa pia ni kusikia jinsi sehemu nyinginezo za filamu zilivyoazima mlio wa gagaku.

Kwa wale ambao kazi yao, kama yangu, ni kukata maneno ya wengine, kisa cha Ikiru kina uchungu wa pekee. Filamu hiyo ya 1952 inamhusu mzee Watanabe, karani mkuu katika ofisi ya serikali ya jiji, anayegundua kwamba ana saratani ya tumbo na kwamba kwa miaka 30 amekuwa akipiga mihuri bila kuishi. Anaamua kutumia miezi aliyobakiwa nayo kuwajengea watoto wa mtaa duni uwanja wa kuchezea. Wimbo ambao kila mtu huukumbuka katika filamu hiyo, ule ambao mzee anauimba akiwa kwenye bembea theluji ikimwangukia, haukutungwa na Hayasaka. Ulitungwa na Shinpei Nakayama mnamo 1915 na ulikuwa maarufu zamani.

Hayasaka aliandika muziki wake mwingine, ukiwemo ule wa sehemu ndefu ya matanga, ambapo maafisa wanakunywa pombe mbele ya picha ya marehemu huku wakibishana ni nani hasa aliyeujenga uwanja ule. Muziki ulirekodiwa, ukawekwa kwenye picha, na wote wakasikiliza. Kurosawa aliona kwamba haukufaa. Si kwamba ulikuwa mbaya. Ilikuwa tu kwamba walevi wale na ile picha ya marehemu ukutani hawakuhitaji msaada. Aliamuru uondolewe wote. Hayasaka hakubisha, lakini siku hiyo alionekana mwenye huzuni hadi jioni.

Nimekwisha kukata aya nyingi nzuri katika maisha yangu ya uhariri, na naujua uso wa mwandishi anapoambiwa kwamba kilichoondolewa hakikuwa kibaya. Ila Hayasaka ndiye aliyemfundisha mwelekezi huyo kwamba muziki usipoongeza kitu ni afadhali usiwepo. Siku hiyo fundi alihukumiwa kwa kanuni aliyoifundisha mwenyewe, na ukiitazama Ikiru leo utakubali kwamba hukumu ilikuwa ya haki.

Kwa upande wa Mizoguchi kazi ilikuwa ya aina nyingine. Mizoguchi alipenda visa vya kale na picha ndefu zisizokatwa, na humo Hayasaka alipata uwanja wa kutekeleza ndoto ya ujana wake. Katika Ugetsu ya 1953, kisa cha mfinyanzi anayeolewa na mzuka bila kujua, filimbi na ngoma za jukwaa la kale zinakaribiana na okestra hadi mtu hajui mpaka uko wapi. Katika Chikamatsu Monogatari ya 1954, kuhusu mke wa tajiri na mfanyakazi wa mumewe wanaotoroka pamoja ingawa adhabu yao ni kusulubiwa, alitumia ala za maigizo ya kabuki: vibao vinavyogonganishwa, ngoma, na nyuzi za shamiseni zinazokwaruzwa. Muziki wenyewe ni haba sana. Mgongano mmoja wa vibao hufanya kazi ambayo mwingine angewapa wapiga fidla 40.

Mwaka huo wa 1954 unashangaza. Hayasaka alikuwa mgonjwa. Hata hivyo, mnamo mwezi wa Machi ilitoka Sansho Dayu ya Mizoguchi, Aprili ikatoka Shichinin no Samurai, na Novemba ikafuata Chikamatsu Monogatari. Sansho Dayu na Shichinin no Samurai zote mbili zilipata tuzo ya Simba wa Fedha mjini Venice mwaka huo. Kuna wanaoishi miaka 80 bila kugusa kazi moja ya kiwango hicho.

Muziki wa Shichinin no Samurai ulimpa taabu. Filamu inachukua zaidi ya saa tatu na ilihitaji alama za sauti ambazo mtazamaji angezitambua bila kuelezwa. Husimuliwa kwamba alimpigia Kurosawa mapendekezo mengi ya wimbo wa samurai, yote yakakataliwa, hadi alipoinua kutoka kwenye taka karatasi aliyokuwa ameitupa. Na hiyo ndiyo ikakubaliwa. Ni wimbo wa shaba, wa kiume, lakini una unyonge ndani yake, kama kwamba watu hao wanajua kuwa hawatalipwa chochote zaidi ya wali. Kikuchiyo, mtoto wa mkulima anayejifanya samurai, amepewa saksafoni nene na midundo ya kuchekesha, ala isiyo na nafasi yoyote katika Japani ya karne ya 16, na kwa hiyo inamfaa mtu asiye na nafasi. Wakulima wana mvumo wa sauti za binadamu zisizo na maneno. Majambazi wana ngoma. Katika kupanga kazi hiyo kwa ajili ya okestra, Hayasaka alisaidiwa na mwanafunzi wake Masaru Sato, aliyezaliwa mnamo 1928.

Wakati filamu hiyo ikikaribia kutoka, jambo lingine lilikuwa limetokea baharini. Machi 1, 1954, Marekani ililipua bomu la haidrojeni katika visiwa vya Bikini, Bahari ya Pasifiki. Majivu yaliiangukia meli ya wavuvi wa Kijapani iitwayo Daigo Fukuryu Maru iliyokuwa na watu 23. Wote waliugua, na mwendeshaji wa redio wa meli hiyo alifariki Septemba 23 mwaka huo. Japani, ambayo ilikuwa imekumbuka Hiroshima na Nagasaki kwa miaka tisa, iliingiwa na woga upya. Watu waliogopa samaki, wakaogopa hata mvua.

Marafiki wawili wa Sapporo walijibu kila mmoja kwa njia yake. Ifukube aliandika muziki wa Gojira, jitu la baharini lililoamshwa na majaribio ya mabomu, filamu iliyotoka Novemba 1954 na ambayo wana wao hata leo huitazama. Mngurumo wa jitu hilo ulipatikana kwa kuzikwaruza nyuzi za fidla kubwa kwa glavu ya ngozi. Hayasaka hakuwa na nguvu za kutosha kwa majitu. Kurosawa alipomtembelea, mgonjwa huyo alimweleza kwamba mtu ambaye uhai wake unatishiwa namna hiyo hawezi kufanya kazi kwa utulivu. Kurosawa alishtuka. Aliyesema hivyo si mtu wa kuogopa ovyo. Alikuwa akiishi na kifo kifuani kila siku na bado akiandika.

Kutokana na mazungumzo hayo ikazaliwa Ikimono no Kiroku, yaani kumbukumbu ya kiumbe hai. Mifune, aliyekuwa na umri wa miaka 35, aligeuzwa kuwa mzee Nakajima, mwenye kiwanda cha kuyeyusha vyuma, ambaye anataka kuihamishia jamaa yake yote Brazil kukwepa mabomu. Wanawe wanamshtaki mahakamani ili atangazwe kuwa hana akili timamu. Anakichoma kiwanda chake kwa mkono wake, na anamalizia siku zake katika hospitali ya wagonjwa wa akili.

Katika mwaka wake wa mwisho Hayasaka alikuwa pia amekamilisha Yukara, kazi ya okestra iliyotokana na tendi za Waainu, wenyeji wa asili wa Hokkaido. Ndiyo kazi ambayo wajuzi wengi huiona kuwa kilele chake nje ya sinema. 

Alifariki filamu ya mzee Nakajima ikiwa bado inatengenezwa. Sato ndiye aliyeukamilisha muziki kutokana na michoro iliyoachwa na mwalimu wake. Kurosawa alivunjika moyo kiasi kwamba, kwa maelezo yake ya baadaye, hakuwa na nguvu za kuimalizia filamu hiyo jinsi alivyotaka. Ilitoka Novemba 22, 1955, wiki tano baada ya mazishi, na watu hawakufurika kuitazama. Labda hawakutaka kukumbushwa.

Sato aliendelea kumwandikia Kurosawa muziki kwa miaka kumi, hadi Akahige ya 1965. Lakini palikuwa na kijana mwingine aliyekuwa akienda nyumbani kwa Hayasaka kumsaidia na kujifunza: Toru Takemitsu, ambaye naye alikuwa na mapafu mabovu na ambaye naye hakuwa na shahada ya muziki. Mnamo 1957 Takemitsu aliandika muziki wa maombolezo kwa ala za nyuzi kwa kumkumbuka marehemu. Stravinsky, yule yule ambaye vijana wa Sapporo walikuwa wameupiga muziki wake wakiwa na miaka 20, alizuru Japani mnamo 1959, akaisikia kazi hiyo na kuisifu. Sifa hizo zilimfungulia Takemitsu milango ya dunia.

Miaka 30 baada ya kifo cha Hayasaka, mnamo 1985, Kurosawa na Takemitsu waliitoa Ran. Katikati ya filamu hiyo ngome ya mfalme mzee inavamiwa na majeshi ya wanawe. Mishale inaruka, watu wanakatwakatwa, moto unapanda hadi darini, na hakuna upanga unaosikika ukigonga, hakuna farasi, hakuna kilio. Sauti zote za vita zimeondolewa. Kinachosikika ni okestra pekee, ikienda polepole kana kwamba haioni kinachotendeka, hadi mlio mmoja wa bunduki unapoikata.